Hamsini na Mbili ya Mguu wa Kushoto

Chumba cha vipimo
11 Machi

Mjomba, shikamoo.

Mama ameniambia mmefika salama, na kwamba ulikoroma njia nzima mpaka abiria wa kiti cha mbele wakahama. Nimecheka peke yangu hapa kazini, watu wakanishangaa. Nakuandikia barua kwa sababu ya masikio yako. Juzi nilipiga simu, nikakuuliza kidonda kinaendeleaje, ukanijibu kwamba nguo umezipokea na zinakutosha. Miaka arobaini ya kugonga misumari ya viatu imekumaliza masikio, na mimi sina sauti ya kupigia kelele hospitali nzima.

Huku hatujambo. Mtoto ameota meno mawili ya chini, na yote mawili anayatumia kunitafuna bega. Baba yake amehamishiwa zamu ya asubuhi, kwa hiyo sasa tunaonana usoni kama watu waliooana.

Siku ile kitandani uliniuliza maswali chungu nzima nami nikawa nakukataza kusema. Haikuwa kukosa adabu. Mtu akipimwa inatakiwa alale kimya, akiongea au akijigeuza namba inavurugika. Sasa nakujibu. Kile kidude nilichokubandika juu ya mguu, nyuma kidogo ya vidole, kinapasha ngozi joto. Ngozi ikipata joto, vijishipa vya damu vinafunguka, na oksijeni iliyoletwa na damu inapenya kidogo kidogo mpaka juu ya ngozi. Kidude kinaipima hapo hapo, bila sindano. Cha pili nilikubandika kifuani ili kulinganisha, maana kifuani damu inafika bila taabu. Baada ya robo saa au zaidi namba inatulia, na daktari wa upasuaji anaitazama kabla ya kuamua. Ikiwa arobaini au zaidi, kidonda cha hapo kina nafasi nzuri ya kupona. Ikiwa chini ya ishirini, damu haifiki ya kutosha, na ukikata kidole hapo unaongeza kidonda juu ya kidonda. Wewe uliandikiwa hamsini na mbili. Ndiyo sababu walitoa vidole viwili tu, mguu wakauacha.

Nenda kwa muuguzi wa zahanati kila siku ya pili, usiruke. Usipake mguuni chochote ambacho hakukupa yeye. Na niandikie hali ya kidonda kama ilivyo, usinipunguzie: rangi ya kingo zake, harufu, kama kinatoa maji. Sukari pia unipe ulivyopimwa.

Msalimie mama, mwambie magoti yake asiyapandishe ngazi bila sababu.

Mimi mpwa wako,
Kisigino


Kibandani kwangu
29 Machi

Mpwa wangu, marahaba.

Barua nimeipata, na imenichukua siku mbili kuisoma. Hospitali imekuharibia mwandiko. Ulipokuwa darasa la tatu uliandika vizuri kuliko hivi, na wakati huo ulikuwa umekaa juu ya gunia la soli.

Nafurahi bado unajiita Kisigino. Sijapata kuona mtoto mwingine anayemaliza kisigino cha kulia kwa wiki tatu, cha kushoto kikabaki kipya kama kimetoka dukani. Mama yako alikuwa anasema nakushonea viatu vibovu. Mimi nilikuwa nasema amezaa mtoto anayetembea upande. Mpaka leo hatujapatana juu ya hilo.

Nyumbani wazima. Mama yako ananifokea asubuhi, ananipikia mchana, jioni ananifokea tena, ndipo najua yu mzima. Nimerudi kazini. Nakaa kwenye kigoda changu, kiatu nakibana kati ya magoti kama siku zote, na mguu nimeutandikia mto juu ya kreti. Mteja mmoja ameleta buti zilizochoka kuliko yeye mwenyewe, nimemwambia azizike kwa heshima.

Kidonda kinakwenda. Upande mmoja kinaelekea kukauka, upande wa pili bado kinafikiri. Harufu ipo kidogo, lakini kibanda hiki kimejaa gundi na ngozi, nani atatofautisha? Muuguzi ana sura ya msiba tangu kuzaliwa, kwa hiyo uso wake siusomi. Sukari imepanda kidogo, haikupanda sana.

Ile hamsini na mbili nimeitangaza mtaa mzima. Jirani yangu muuza vitambaa, naye ana kisukari, kila asubuhi ananisalimia, "Hamsini na Mbili, umeamkaje?" Namjibu, "Kwa miguu miwili, mwanangu." Alitaka kujua nani alinipima. Nikamwambia aliyenipima ni damu yangu mwenyewe, mtoto niliyemlea baada ya baba yake kufariki, na leo ni mtaalamu wa mashine ambayo hata jina lake siwezi kulitamka. Najivuna, mpwa wangu, usinikataze.

Mjomba wako


Nyumbani
20 Aprili

Mjomba, shikamoo.

Nisamehe kuchelewa. Mtoto alishikwa na homa wiki nzima, sasa ameshapona na anakula vizuri. Kazini watu wamekuwa wengi. Na nilianza barua hii mara tatu nikaichana.

Hukunijibu nilichokuuliza. "Bado kinafikiri" si rangi. Nataka kujua kingo za kidonda ni nyekundu, nyeupe, au zimeingia weusi. Nataka kujua ukilala usiku unauning'iniza mguu nje ya kitanda ili maumivu yapungue. Muulize mama kama wewe hutaki kusema, yeye ndiye anayefua mashuka.

Naomba uje upimwe tena. Ikiwezekana hata wiki ijayo. Usingoje kiwe kibaya ndipo uje. Kipimo kimoja hakitoshi, mjomba, kipimo nacho kinaweza kukosea.

Na tafadhali usiitangaze tena ile namba.

Mpwa wako


Kibandani
9 Mei

Mpwa wangu, marahaba.

Hatujambo, mama yako amepata miwani na sasa anaona vumbi ambalo halikuwepo. Amefurahi mtoto kupona.

Nimesoma barua yako mara nyingi nikakasirika kila mara. Umeniuliza mambo ya mashuka kama polisi. Haya, nitakujibu. Kidonda kimefunguka. Pale vidole vilipotolewa pamekuwa na shimo linaloingia vidole viwili vya mama yako, na kingo zake zimekuwa nyeusi kama ngozi iliyolala kwenye maji. Ndiyo, nauning'iniza mguu nje ya kitanda. Muuguzi amesema niende kwenu tangu mwezi uliopita, akaniandikia na barua. Iko chini ya kopo la gundi.

Sikwenda kwa sababu yako. Wewe ulisema hamsini na mbili, na hamsini na mbili maana yake damu inafika. Kama damu inafika, kinachotakiwa ni subira, na subira ninayo. Nimemwambia muuguzi hivyo hivyo. Nimemwambia mama yako, amelia nikamwambia asinililie mguu unaopona. Sasa unaniambia kipimo kinaweza kukosea. Mimi nikipima mguu wa mteja nafuata kidole gumba, kisigino, mgongo wa mguu, nachora kwenye karatasi, halafu ndipo nakata ngozi. Nikikata vibaya simwambii mteja kwamba futi kamba inaweza kukosea. Nasema mimi nimekosea.

Kwa hiyo niambie. Damu inafika au haifiki?

Mjomba wako


Chumba cha vipimo
16 Mei

Mjomba, shikamoo.

Safari hii habari za nyumbani nitaziweka mwisho, nikianza nazo sitafika kwenye lenyewe.

Damu haifiki. Haikuwa inafika hata siku ile. Hamsini na mbili haikuwa namba ya mguu wako.

Nitakueleza kama fundi kwa fundi. Kidude kile kinakaa ndani ya pete ya plastiki yenye gundi chini. Pete lazima ishike ngozi pande zote, kama soli inavyotakiwa kushika kiatu cha mvua. Ikiachia upenyo mdogo tu, hewa ya chumbani inaingia, na hewa ya chumbani ina oksijeni nyingi kuliko ngozi ya mtu yeyote. Hapo namba inapanda, lakini kinachopimwa si mguu tena.

Wewe ulikuwa umefumba macho. Namba ilianza juu kama inavyoanza siku zote, ikashuka mpaka kumi na nane, ikakaa. Nilingoja dakika tano nzima. Kumi na nane, kumi na tisa, kumi na nane. Kifuani ulikuwa na sitini na moja. Halafu ikaruka: thelathini, arobaini na nne, hamsini na mbili, muda wa kufunga kifungo. Ngozi haifanyi hivyo, ngozi inapanda polepole. Nilijua. Niliinama nikaona ukingo mmoja wa pete umeinuka na ngozi chini yake inang'aa. Nilitakiwa kuibandua, kufuta upya, kubandika pete nyingine na kungoja tena. Nilitakiwa kukuinua mguu nione kama namba itashuka, maana namba ya hewa haishuki. Sikufanya hata moja. Nilichukua peni nikaandika hamsini na mbili.

Sikuchoka wala sikuwa na haraka. Kumi na nane maana yake ilikuwa kuchunguza mishipa, kujaribu kuifungua, na kama haifunguki, kukata chini ya goti. Nilikutazama umelala pale na soksi yako moja umeikunja mfukoni, nikataka iwe hamsini na mbili. Nilipoiona niliichukua kabla haijabadilika. Tangu siku hiyo sijalala vizuri.

Kabla ya kukubandika nilikuuliza kama umepaka kitu mguuni, ukasema hujapaka. Nilikufuta na spiriti mara moja. Nilisikia harufu ya kibandani kwako, nikasema moyoni kwamba fundi viatu ananukia kazi yake. Sisemi haya nikutwishe wewe. Hata ungekuwa umepaka lami, kazi ya kufuta ilikuwa yangu.

Mjomba, njoo. Njoo ukiipata tu barua hii. Chini ya goti huenda bado damu ipo. Kama ipo, goti litabaki, na mwenye goti anaweza kukaa kwenye kigoda akafanya kazi. Kila wiki unayokaa huko inakula kutoka chini kwenda juu. Daktari sijamwambia bado. Nitamwambia.

Mtoto anasimama akishika kiti.

Nisamehe.

Kisigino


28 Mei

Barua imefika jana. Tunakuja Jumatatu, mimi na mama yako. Yeye nimemwambia tu kwamba nimeitwa. Usimwambie zaidi ya hapo.

Usinipime wewe.


Masjala
14 Julai

Mjomba, shikamoo.

Mama amesema umefika nyumbani na umelala siku tatu bila kusema na mtu. Amesema mkono unakataa magongo, unayashika kama vitu vya kuazima. Mtoto ametembea hatua nne Jumapili, akaanguka, akajipigia makofi.

Ulikuwa ghorofa ya juu yangu wiki tano nami nilipanda kukuona mara tatu tu, na mara zote pamoja na mama. Niliogopa kubaki na wewe peke yako.

Nataka kusema juu ya ile asubuhi ya kipimo cha pili, maana hatujaizungumza. Mwenzangu alipima vizuri. Nilisimama mlangoni nikamwona anafuta ngozi mara tatu, anabadilisha pete, anakuinua mguu. Juu ya mguu sita. Chini ya goti kumi na tano. Pajani arobaini na tatu. Nilipoiona kumi na tano nilijua goti limekwenda, watakukata pajani. Mwezi wa pili, pengine lisingekwenda. Hili nitalijua maisha yangu yote.

Kisha daktari wa upasuaji akaja na faili. Akasema, "Mwezi wa pili mguu huu ulikuwa na hamsini na mbili. Leo sita. Ama ugonjwa umekimbia mbio ambazo sijawahi kuziona, ama hii mashine inatudanganya." Akamtazama mwenzangu, akaitazama mashine. Mimi hakunitazama. Wewe ulinitazama. Nilikuwa na sentensi tayari mdomoni, nilikuwa nimeifanyia mazoezi njia nzima kutoka nyumbani. Nikanyamaza. Nilidhani wewe utasema, nawe ukanyamaza, kisha ukageuza uso ukutani. Nilishukuru uliponyamaza. Hiyo shukrani ndiyo inayonichoma zaidi.

Sasa nipo masjala kwa muda, napanga mafaili, maana kazi ya vipimo imepungua. Ni chumba kisicho na dirisha, lakini kuna utulivu.

Je, kisiki cha mguu kinakauka? Hapo pajani damu ipo, kitapona. Hilo naweza kukuambia bila kuficha kitu.

Mpwa wako


Kibandani
19 Agosti

Mpwa wangu, marahaba.

Kisiki kimefunga. Muuguzi amekitazama akatabasamu, mara ya kwanza nimeyaona meno yake. Mama yako mzima, amenunua ndoo mbili ndogo badala ya ile kubwa ili nami niweze kusogeza maji nikiwa nimekaa, halafu ananikataza kuyasogeza. Jirani muuza vitambaa hanisalimii tena kwa namba. Ananiita mzee. Afadhali angeendelea na ile namba.

Wiki iliyopita nilifungua kibanda. Akaja msichana na kiatu cha shule, soli imeachia mbele, kazi ya dakika kumi. Nikakaa kwenye kigoda nikakipaka gundi. Nikataka kukibana nikigonge, kikaanguka chini. Goti la kulia lilikuwa peke yake, halikuwa na wa kubana naye. Nikakiokota nikajaribu kukikandamiza kwa kiwiko. Nikamwambia msichana arudi kesho. Alipoondoka nilifunga mlango nikalia, mpwa wangu, mzee mzima nikalia mpaka kamasi. Kile kiatu amekimalizia fundi wa upande wa pili wa barabara.

Sasa nitakuambia langu. Nimelibeba tangu mwezi wa pili, na barua yako ya Mei nilipoisoma nilishika kichwa, kwa sababu ulilikaribia kabisa kisha ukanisitiri.

Nilipaka. Asubuhi ile, kwenye choo cha hospitali. Nilikuwa sijakuona miaka miwili, na ungekuja umevaa koti jeupe mbele ya wenzako, unishike mguu. Mguu wangu ulikuwa umepasuka pande zote na ngozi yake inatoka unga. Miaka yote nimeng'arisha miguu ya watu wengine. Nilikuwa na kikopo cha mafuta ya kulainishia ngozi ya viatu kwenye mfuko wa koti, kama ninavyokuwa nacho siku zote. Nikaupaka mguu wote, nikausugua kwa soksi mpaka ukang'aa kama kiatu cha harusi. Soksi yenyewe ndiyo ile uliyoiona mfukoni. Uliponiuliza nikasema sijapaka, kwa sababu mwenzako alikuwa amesimama hapo na niliona haya. Ni hivyo tu. Niliona haya.

Kwa hiyo asubuhi ya kipimo cha pili, daktari alipoilaumu mashine, mimi pia nilikuwa na sentensi mdomoni. Nilikutazama nikingoja uanze. Ungeanza wewe, ningemalizia. Hukuanza, nikageukia ukuta. Nilisema moyoni, mguu ni wangu na mtoto ni wangu, hasara hii inabaki ndani ya nyumba.

Nikaamini hivyo siku kumi na mbili. Siku ya kumi na tatu walimleta mama mmoja mfagizi wa shule, wakamlaza kitanda cha pili kutoka kwangu. Kidonda chake kilikuwa kama changu cha mwezi wa nne, labda kidogo kuliko hapo. Tulizungumza, mwanamke mcheshi sana, alikuwa ananipigia kelele sikioni bila kuchoka. Daktari akaja na wanafunzi wake. Mmoja akauliza kama wampeleke kupimwa oksijeni ya ngozi. Daktari alikuwa amesimama karibu yangu, na sauti yake ni kubwa, nilisikia kila neno. Alisema, "Mashine ile ilinipa hamsini na mbili kwenye mguu uliokufa. Nimeiondoa, iko stoo. Huyu tutakata juu ya goti, tuwe na uhakika."

Wakamkata juu ya goti. Huenda lake lingebaki, huenda lisingebaki. Hakuna aliyepima, na sasa hakuna cha kupima. Aliporudi kutoka chumba cha upasuaji aliniuliza, "Mzee, na wewe walikupima?" Nikajifanya sijasikia. Kwangu hilo ni rahisi.

Nilingoja barua yako. Nilisema, Kisigino yupo pale pale, anajua mashine iko stoo na kwa nini iko stoo. Atasema. Barua ikaja, ukaniandikia kwamba kazi ya vipimo imepungua. Umeniandikia mimi hivyo, mimi niliyelala kitanda cha pili kutoka kwa yule mama.

Sikukasirika kama nilivyokasirika Mei. Nilichoka tu. Nimeelewa kwamba wewe unaningoja mimi na mimi nakungoja wewe, na katikati yetu watu wanakatwa.

Siku ya kuruhusiwa nilimwomba muuguzi wa wodi fomu ya malalamiko. Imekaa mezani wiki sita. Leo asubuhi nimeijaza. Nimeandika kwamba pete iliachia, na aliyenipima aliiona ikiachia akaandika namba ile ile. Nimeandika kwamba aliniuliza kama nimepaka kitu, na mimi nikasema uongo. Nimeandika kwamba mashine haina kosa lolote, wairudishe mahali pake leo hii, wampime kila anayeletwa, na wasimwamini mgonjwa anayesema hajapaka kitu. Nimeandika habari za yule mama, kitanda chake na tarehe, ili mtu aende akamwambie ukweli. Barua yako ya tarehe 16 Mei nimeiweka ndani ya bahasha. Najua itakufanyia nini. Nilifikiri kuiacha, lakini bila hiyo watasema mzee amekatwa mguu anatafuta wa kumlaumu.

Mama yako amekwenda posta na bahasha zote mbili, yao na hii yako. Hajui zina nini. Akirudi nitamkalisha chini nimwambie, maana sitaki aambiwe na mtu mwingine. Wewe ukiweza, nenda kwa daktari kabla fomu haijafika. Ukienda kwa miguu yako itakuwa nafuu kwako kuliko kuitwa. Ukishindwa, fomu itafika tu.

Jambo la mwisho. Chini kabisa ya fomu, baada ya sahihi, wameuliza kama mlalamikaji ana uhusiano wowote na mtumishi anayemtaja. Wameacha mstari mmoja tu. Nilikaa nao muda mrefu kuliko kurasa zote mbili za juu, kwa sababu kuna jina la uhusiano wetu na wote wanalijua, lakini mkono ulikataa kuliandika hapo. Nimeandika: ni mtoto wangu.

Mjomba wako